Nikimsimamisha mkataji mkonge ili nimhoji, mita yake analipa nani?

PichaKorogwe aliandika:

Wakuu, habari za humu. Naomba tufikirie pamoja, hasa nyie mliokulia kwenye kambi za mkonge, au mliowahi kuingia na kamera mahali watu wanapotafuta riziki.

Mimi natengeneza filamu, makazi yangu Korogwe. Huu ni mwaka wa pili niko kwenye dokumentari ya watu wa mkonge: wakataji, wanaolisha korona (mashine ya kusindika majani), kina mama wanaoanika singa, yaani nyuzi za mkonge, na wale wa brashi. Hakuna kampuni nyuma yangu. Niko mimi, kijana mmoja anayenasa sauti, na pikipiki. Kibali cha Bodi ya Filamu ninacho, ruhusa ya shamba ninayo. Shamba lenyewe sitalitaja.

Nilipoanza nilikuwa na filamu nzima kichwani kabla sijawasha kamera. Mjerumani Richard Hindorf analeta vichipukizi mwaka 1893, vinafika vizima 62 tu, vinapandwa Kikogwe, Pangani. Kutoka hivyo 62 nchi inafika zaidi ya tani 200,000 za singa kwa mwaka katikati ya miaka ya 1960, inaongoza dunia. Halafu Azimio la Arusha, mashamba yanataifishwa, kamba za plastiki zinaingia sokoni, tunaporomoka. Kufikia mwisho wa miaka ya 1990 tuko kwenye tani 20,000 hivi, serikali inabinafsisha. Kupanda, kushuka, na wazee wachache wa kusimulia. Nilidhani kazi yangu ni kuwatafuta tu.

Sasa sikilizeni kilichonipata.

Kuna baba mmoja mkataji, ana miaka zaidi ya hamsini, anaingia shambani saa kumi na moja alfajiri ili jua limkute amefika mbali. Kwa msioujua mkonge: mkataji halipwi kwa saa. Anakata majani, anatoa mwiba wa ncha, anafunga matita ya majani 30, anayabeba mpaka kando ya barabara ya shamba na kuyapanga kwa kipimo. Hicho kipimo ndicho mita. Unalipwa kwa mita.

Asubuhi ile mwanga ulikuwa mzuri mno. Nikamwomba asimame. Nikamuuliza kazi imebadilika vipi tangu alipoanza. Akaweka kisu chini, akazungumza kama dakika arobaini, maneno ambayo sijawahi kuyapata kwa mtu mwingine. Ndugu zake waliorudi kwao wakati mashamba yanafungwa, yeye akabaki. Miaka aliyochoma mkaa kwenye mkonge uliogeuka msitu. Siku aliyosikia korona ikinguruma tena akiwa mbali, akatupa shoka na kwenda kuangalia. Mimi nyuma ya kamera mwili ulikuwa unanisisimka.

Trekta lilipopita kukusanya, mrundo wake haukutimia. Shamba lile mita isiyotimia haiandikwi siku hiyo. Ilibidi asubiri kesho aongezee, na malipo ya siku yakasogea.

Jioni nilipita kwake kumsalimu. Mke wake alinikaribisha kiti, akanipa maji, akasema taratibu kabisa: "Mwanangu, yale maneno yake ya asubuhi ndiyo ulikuwa unga wetu."

Sijalala vizuri tangu siku hiyo. Nimerudi kwenye picha zote nilizopiga na kuanza kuhesabu. Karibu kila mahojiano niliyoyapenda nilimtoa mtu kwenye kipimo chake. Kina mama wa kuanika nao hivyohivyo.

Swali langu ni hili. Nilipe? Nikilipa, kesho watu watapanga foleni waseme ninachotaka kusikia, na shamba litasema nimewanunua. Nisipolipa, mimi nina tofauti gani na nyapara? Msinijibu kwa maadili ya darasani, nimeyasoma. Januari 2023 kima cha chini cha kilimo kilipanda kutoka shilingi 100,000 hadi 140,000 kwa mwezi. Mtu wa kiwango hicho hana dakika arobaini za kunipa bure. Wenye uzoefu naomba mnieleze mlifanyaje.

---

Kilindini alijibu:

Ndugu yangu wa Korogwe, pole. Mimi niko Mombasa, na lililokufika limenifika kwa sura nyingine.

Treni mpya ya mizigo ilipoanza mwaka 2018, makontena yakaanza kutolewa kwenye malori. Kisha Agosti 2019 ikatoka amri kwamba mzigo wote wa kwenda bara upande reli. Watu wakamiminika barabarani hapa Mombasa, amri ikasitishwa. Mimi nilikuwa napiga picha madereva, matanboi (wasaidizi wao), mafundi wa tairi, na kina mama wa vyakula Mariakani mpaka Mtito Andei. Nilipata mahojiano marefu sana, mtu anakaa nawe tangu asubuhi hadi magharibi. Nikawa najisifu kwamba nina kipaji cha kuaminiwa na watu. Ilinichukua miezi kuelewa kuwa walikuwa na wakati kwa sababu lori limesimama na hakuna mzigo. Lori likipata safari, dereva hana hata dakika ya kukuitikia salamu. Yaani filamu yangu ilikuwa inashiba pale wao wanapokosa. Wewe kwako ni kinyume, wako kazini na wewe ndiye unayewakosesha. Lakini mzizi ni ule ule.

Nilichojifunza nakupa. Tenganisha sauti na picha. Sauti nenda kaichukue usiku, nyumbani kwake, ameoga, ameshakula. Usiende na kamera. Kinasa sauti kidogo, kipaza sauti cha kubana kwenye kola, taa ya kawaida ya nyumba. Utashangaa watu wanavyozungumza wakijua hawaonekani. Mchana picha ya kazi tu, usimsemeshe mtu. Kwenye kuhariri utalaza sauti ya usiku juu ya kazi ya mchana, na mtazamaji atamsikia mtu anayefikiri huku mikono ikienda.

Jingine ni kuwaonyesha. Mimi nilitundika shuka ukutani nyuma ya hoteli ya chakula, nikawaonyesha madereva dakika ishirini za mwanzo. Mmoja akaniambia, "Umetuonyesha tunalalamika tu. Mbona hujaonyesha tulivyo hodari?" Nikarudi nikapiga picha ya kugeuza lori refu kwenye uchochoro wa Changamwe usiku. Sasa hiyo ndiyo picha ninayoipenda kuliko zote.

Babu yangu alikuwa kuli wa bandari, alikuwemo kwenye mgomo wa Januari 1947. Walikuwa wakikutana kwenye uwanja waliouita Kiwanja cha Maskini. Tulipokuwa wadogo alikuwa hasemi habari za mishahara. Alikuwa akisema nani alipika, nani alileta maji, nani alilinda mlango. Muulize huyo baba nani alimsaidia miaka ile ya mkaa. Hilo ni swali la usiku.

---

BintiManamba alijibu:

Kaka, nimesoma nikalia. Nieleze kwa nini.

Baba yangu alitoka Kasulu miaka ya 1950. Waliandikishwa na SILABU, ile ofisi ya wenye mashamba ya kutafuta vibarua, wakapandishwa treni Kigoma, kisha malori, mpaka Muheza. Kila mtu akapewa namba, ndiyo maana wakaitwa manamba. Jina la baba lilikuwa na maana nzuri sana kwa Kiha lakini nyapara hakuwahi kulitamka.

Walifanya kazi kwa kipande. Kadi yenye siku thelathini, kila ukimaliza kazi uliyopimiwa siku yako inaandikwa. Usipoimaliza, umechoka bure, siku haipo. Kwa hiyo siku thelathini za kadi zingeweza kuchukua wiki sita za maisha. Baba alizeeka hajui kusema "nimefanya kazi miaka mingapi". Alisema vipande. Hata sisi watoto alituhesabu hivyo. Mimi nilizaliwa "kipande cha pili baada ya mvua ya kuvunja daraja". Mama alilazimika kumuuliza mtu wa ofisi ndipo nikapata mwaka wa kuandikishia shule.

Sasa wewe unatuambia mwaka huu, mkoa huohuo, kuna mtu mita yake haikutimia na siku haikuandikwa. Unaona? Umekwenda kutafuta wazee wakusimulie habari za zamani, na habari yenyewe imetokea mbele ya macho yako, tena wewe ukiwa ndani yake. Usiifiche. Mimi nikiwa mtazamaji nataka nimwone yule mama na yale maneno yake ya unga.

Kuhusu pesa, nakuomba usimpe mtu pesa mkononi huku kamera imewaka au ikiwa imezimwa dakika tano zilizopita. Kambini mambo hayafichiki. Kesho yake mkewe ataulizwa kisimani mumewe kauza nini.

Lakini wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Wewe una mwaka wa pili! Kwetu mtu akija kuzungumza na baba shambani hakukaa ameshika shavu. Alifunga matita. Fundi cherehani alikuja kumdai baba, akafunga matita huku anadai. Mchungaji alikuja kuhusu ubatizo wa mdogo wangu, akakunja mikono ya shati, akafunga. Mikono ya mgeni ilikuwa inarudisha ule muda ambao mdomo wake unakula. Hakuna aliyefundishwa, ilikuwa adabu ya kawaida tu.

Muulize huyo baba kama unaweza kumfungia. Halafu mfungie sawasawa, maana tita la majani 28 linamletea yeye matatizo, siyo wewe.

---

MzeeWaTawi alijibu:

Nimekuwa kwenye chama cha wafanyakazi wa mashamba muda mrefu, sasa nimestaafu. Nitasema machache.

Angalia nyuso. Wewe ukimaliza filamu unahamia mada nyingine, yeye Jumatatu anarudi kwa nyapara yuleyule. Mtu anayesema mita haiandikwi usimwonyeshe uso mpaka akuambie mara mbili, siku mbili tofauti, na mkewe akiwepo. Ridhaa ya mtu mwenye njaa ipimwe upya. Siku hizi ipo pia Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, isome kabla hujaweka chochote mtandaoni.

Na usiwaonyeshe watu hawa kama walivumilia tu. Mwaka 1958 Mazinde waligoma, mgomo mrefu. Baada ya uhuru kiongozi wao, Victor Mkello, alihamishiwa Sumbawanga kwa nguvu mwaka 1963, na serikali yetu wenyewe, kwa sababu ya migomo. Mwaka 1964 vyama huru vikafutwa ikaundwa NUTA, chama kimoja cha wafanyakazi. Wazee wa kambini wanayajua haya. Hawayasemi kwa mtu asiyeyauliza.

---

MkulimaMagoma alijibu:

Nawasalimu wote. Mimi nitakuwa tofauti kidogo, mnisamehe.

Kila anayekuja na kamera Korogwe anatafuta magofu. Nyumba za kambi zilizobomoka, mzee mwenye kofia iliyochanika, korona yenye kutu. Mimi nina umri wa miaka arobaini na tatu, ni mtoto wa mlisha korona, na ninalima mkonge. Niko kwenye AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima. Mpango wa wakulima wadogo ulianza mwaka 1999 baada ya ubinafsishaji, ndugu zetu wakapewa maeneo ndani ya mashamba yaliyokuwa ya serikali. Hao wakataji mnaowalilia, kwangu naajiri mimi. Mimi ndiye ninayelipa mita.

Sasa nikueleze mita inatoka wapi. Unapanda mkonge, unapalilia, unasubiri miaka mitatu hivi ndipo ukate mara ya kwanza. Miaka yote hiyo jani halikupi kitu. Ukikata, jani likilala sana halifai, lazima lifike korona haraka. Korona siyo yangu, nalipia kusindika. Usafiri nalipia. Katika jani lote singa ni kama asilimia 4, zilizobaki ni maji na makapi. Singa zinaingia ghalani, zinauzwa, mimi nasubiri malipo. Mkataji hawezi kusubiri. Kwa hiyo namlipa kabla sijalipwa, na mara mbili nimeuza mbuzi ili mita za watu zitimie siku ya malipo. Mimi niwekwe upande gani kwenye filamu yako? Tajiri? Nyapara? Baba yangu alipoteza vidole viwili kwenye ile mashine.

Na hapo juu historia umeipitisha haraka mno. Bei ilianguka kabla ya Azimio. Ilikuwa juu sana mwaka 1963 na 1964, ikaporomoka, na mashamba kadhaa yalishaanza kufungwa kabla ya 1967. Polipropilini, ile plastiki ya kamba, ikaja kumalizia, maana mteja mkubwa alikuwa mkulima wa Ulaya na Marekani anayefungia nyasi za mifugo, na yeye akahamia kamba ya plastiki. Utaifishaji ulikuta mgonjwa, ukamwuguza vibaya. Ukisema Azimio peke yake ndilo liliua mkonge, wazee watakuheshimu mbele ya uso wako na kukucheka ukiondoka.

Mkonge umerudi, japo si kwa kiwango kile. Majaliwa alipokuwa Waziri Mkuu alikuja huku mara nyingi, lengo lilikuwa tani 120,000 ifikapo 2025. Kinachonisumbua mimi leo ni wakataji. Vijana wa hapa wanachukua pikipiki za mkopo, wanasema afadhali jua la barabarani kuliko maji ya mkonge yanayowasha mikono. Siwalaumu. Mita ikipanda bei mimi nakufa, isipopanda hawaji. Hapo ndipo uchumi unapobadilika, kaka. Njoo unihoji nikiwa napiga hesabu usiku na daftari. Mimi sina mita, muda wangu wa usiku haugharimu kitu.

---

PichaKorogwe aliandika:

Asanteni sana. Nimekaa kimya siku kumi kwa sababu nilitaka nirudi na jambo, siyo maneno.

MkulimaMagoma, nimekubali kuhusu historia, nimefuta sehemu yote ya mwanzo niliyokuwa nimeihariri. Na mwaliko nimeupokea kwa mikono miwili, nitakutafuta kwa ujumbe. Nilikuwa sijawahi kumfikiria anayelipa mita kama mtu anayeuza mbuzi. MzeeWaTawi, uso wa baba sitauonyesha mpaka nipite njia uliyosema. Nimeshamuuliza mara ya kwanza. Amesema atanijibu Pasaka.

Dada BintiManamba, nilimpelekea ombi lako kama ulivyoliandika. Aliniangalia, akauliza nani kanifundisha. Nikamwambia ni binti wa manamba kutoka Muheza. Akasema, "Basi kesho kumi na moja, na mje na suruali ndefu."

Tulikwenda wote wawili, mimi na kijana wa sauti. Kamera niliiacha kwenye kigoda, imesimama peke yake, inachukua picha pana, haimfuati mtu. Kinasa sauti nilikiweka mfukoni mwa shati lake, kipaza sauti kwenye kola kama alivyosema ndugu wa Kilindini. Yeye anakata na kuhesabu, sisi tunafunga kwa ukambaa wa jani. Matita yetu ya kwanza aliyafungua yote, akayafunga upya bila kusema neno, tukaangalia anavyokaza. Kuanzia la kumi na kitu hakuyagusa tena. Mikono iliwasha mpaka usiku.

Sikumuuliza swali hata moja. Alianza mwenyewe, jua lilipochomoza.

Mita ilitimia saa nne kasoro. Ya pili akaianza, akaimaliza peke yake, sisi tukiwa tumelala chini ya mwembe.

Sauti nimeisikiliza mara nyingi. Ile ya kwanza, ya dakika arobaini, ilikuwa imenyooka, kama mtu aliyeitwa kutoa ushahidi. Hii imekatikakatika. Anasema kidogo, kisu kinapita, anahesabu, anarudi kwenye habari pale alipoiachia. Kuna mahali anamsimulia kaka yake aliyerudi Songea mashamba yalipofungwa, na hesabu haiachi kwenda:

"Nilimsindikiza mpaka stendi, kumi na tisa, ishirini, nikampa blanketi langu, ishirini na moja, akasema msimu ukirudi nitumie barua, ishirini na mbili, ishirini na tatu, msimu ukarudi, nikatuma, ishirini na nne, ikajibiwa na mtoto wake."

Halafu inasikika kisu tu, hadi thelathini.